Deep Roy: Mtoto wa Nairobi Aliyepita Kitale na Bungoma Bila Kujulikana

Katika filamu ya Charlie and the Chocolate Factory ya mwaka 2005, kiwanda cha chokoleti cha Willy Wonka kina wafanyakazi 165. Wanapiga kasia, wanapiga ngoma, wanaogelea kwenye mto wa chokoleti kwa mpango kama wanajeshi kwenye gwaride. Mmoja ni daktari wa akili anayemsikiliza tajiri wake akiwa amelala kwenye kochi. Mwingine ni karani wa kike anayeitwa Doris. Wote 165 ni mtu mmoja. Anaitwa Deep Roy, naye alizaliwa Nairobi.

Filamu hiyo ilifika kwetu magharibi mwa Kenya kama zinavyofika nyingine: diski za kunakiliwa, vibanda vya video, skrini ndogo iliyofungwa nyuma ya kiti cha dereva kwenye basi la usiku. Watoto wa Kitale na Bungoma waliocheka na vile vijitu walikuwa wanamtazama mwenzao wa nchi moja, ila hakuna aliyewaambia. Ukiuliza leo ni Mkenya gani ametamba Hollywood, utatajiwa Lupita Nyong'o, na mwenye kufuatilia zaidi ataongeza Edi Gathegi. Deep Roy hatajwi. Kwangu hilo ni pengo kubwa katika hesabu yetu ya watu tuliowatoa, kwa sababu kazi yake imechukua miaka zaidi ya arobaini na imepita kwenye filamu ambazo karibu kila mpenzi wa sinema hapa amewahi kuziona.

Tuanze na alikotoka. Roy alizaliwa katika familia yenye asili ya Kihindi, Kenya ikiwa bado koloni. Wahindi hawakuwa wageni wa juzi. Zaidi ya 31,000 waliletwa kwa mkataba kujenga reli kutoka Mombasa hadi Ziwa Victoria kati ya 1896 na 1901, na ingawa wengi walirudi kwao, waliobaki na waliowafuata walitandaa na njia za reli kila zilipofika. Reli ilipoingia Kitale mwaka 1926, maduka ya Wahindi yalijipanga karibu nayo. Bungoma, kwenye njia ya kwenda Uganda, hadithi ni ile ile: duka mbele, familia nyuma, cherehani barazani. Hata leo ukipita mitaa ya zamani ya miji hii miwili utayaona majengo yenye veranda za nguzo na mwaka wa ujenzi umechongwa juu ya paji la ukuta. Wazee wa Trans Nzoia watakuambia trekta likikwama lilipelekwa kwa kalasinga.

Kisha mambo yakabadilika. Sheria ya Leseni za Biashara ya mwaka 1967 iliwazuia wasiokuwa raia wa Kenya kufanya biashara nje ya maeneo ya katikati ya miji mikubwa, na wengi waliokuwa na pasipoti za Uingereza wakaanza kufunga virago. Mwezi Machi 1968 Uingereza nayo ikaufunga mlango nusu kwa sheria mpya ya uhamiaji, na wiki chache kabla yake ndege zilizoondoka Embakasi zilijaa familia nzima nzima. Kijana aliyekuja kuwa Deep Roy naye alihamia Uingereza. Alikwenda kusomea uhasibu.

Uhasibu haukumshika. Karibu na mwaka 1970 aliacha hesabu akajiunga na shule ya uchekeshaji ya Slim Wood, akaanza kusimama jukwaani kwenye kumbi za starehe. Kimo chake ni sentimita 132. Mtu wa kimo hicho jukwaani anajua kwamba watazamaji watacheka kabla hajafungua mdomo, na kazi yake yote ni kuamua wacheke wakati gani na kwa sababu gani. Naamini shule hiyo ndogo ndiyo iliyomjenga kuliko nyingine yoyote. Mchekeshaji hujifunza kuhesabu muda mwilini: lini ageuze shingo, lini anyamaze, lini aanguke.

Sinema ilimpokea mwaka 1976. Katika The Pink Panther Strikes Again ya Blake Edwards, wauaji wa kukodiwa kutoka nchi mbalimbali wanatumwa kwenye sherehe ya pombe mjini Munich kumwua Inspekta Clouseau, aliyeigizwa na Peter Sellers. Clouseau hana habari. Kila mara anapoinama au kugeuka, muuaji mmoja anamwua mwenzake. Roy alikuwa muuaji wa Kiitaliano. Mwaka huo huo alionekana pia kwenye mfululizo wa televisheni wa The New Avengers.

Mwaka 1977 ndio ulioonyesha ana nini. Shirika la BBC lilimpa nafasi ya Mr. Sin katika The Talons of Weng-Chiang, hadithi moja ya Doctor Who iliyowekwa London ya enzi za Malkia Victoria. Mr. Sin anaonekana kama mwanasesere wa mzungumza-tumbo: anakaa juu ya goti la mganga wa jukwaani, kichwa kimelegea, miguu inaning'inia. Lakini yule si mwanasesere. Ni mashine kutoka siku zijazo iliyotiwa sehemu ya ubongo wa nguruwe, na inapenda kuua. Sasa fikiria kazi yenyewe. Mtu mzima, mwenye pumzi na mapigo ya moyo, anatakiwa aonekane hana uhai. Kisha aonekane kitu kisicho na uhai kinachoanza kuwa nao. Kisha atembee kwa namna ambayo mtazamaji asijue kama anatazama mbao au nyama. Uso wake umefunikwa kwa kinyago. Hana macho ya kusaidia, wala sauti. Ana mabega, shingo, viwiko na magoti. Mtu wa Bungoma aliyewahi kutazama ngoma ya kamabeka ikichezwa na wanaoijua hatahitaji kufundishwa kwamba mabega yanaweza kusema habari nzima huku uso umetulia. Roy alikuwa na elimu hiyo, akaifanyia kazi ya kutisha watu.

Hadithi ile ina doa lake, na halifai kufunikwa: mganga wa Kichina aliigizwa na Mwingereza aliyechorwa macho. Televisheni ya Uingereza ya wakati huo ilikuwa na mazoea ya kuwageuza watu wa Asia kuwa mapambo au majini. Roy aliingia kwa mlango huo kwa sababu ndio uliokuwa wazi, akafanya ndani yake kazi ambayo wapenzi wa mfululizo ule wanaikumbuka mpaka leo.

Baada ya hapo nafasi zilimjia mfululizo. Mwaka 1979, katika Blake's 7, alikuwa Klute, bingwa wa mchezo wa chesi ambaye mpinzani wake akishindwa hupoteza maisha. Mwaka 1980, katika Flash Gordon, alikuwa Fellini, kijitu cha Binti Mfalme Aura, akiongozwa kwa mnyororo kama mbwa wa nyumbani. Naitazama sehemu hiyo kwa uchungu. Mtu aliyekwisha kuonyesha uwezo wa Mr. Sin anafungwa mnyororo shingoni ili jumba la kifalme lipendeze. Waigizaji wafupi wa kimo wamelipwa kwa kazi kama hizo tangu sinema ianze, na wengi hawakupewa nyingine.

Roy alifanya pia stanti, yaani vitendo vya hatari mbele ya kamera, na watu wa nje ya fani huwa hawafahamu mtu wa stanti anafanya nini hasa akiwa na kimo chake. Hollywood na Uingereza zina sheria za kulinda watoto: mtoto hafanyi kazi zaidi ya saa zilizowekwa, na haruhusiwi kufanya jambo la hatari. Kwa hiyo hadithi inapotaka kiumbe kidogo kirushwe, kianguke, kizame au kiungue, anatafutwa mtu mzima mwenye kimo cha mtoto. Anavaa mavazi yale yale, anageuza mgongo kwa kamera, anaanguka yeye. Vivyo hivyo kwa viumbe vya kubuniwa. Kikaragosi cha mkono kinaweza kukonyeza na kuongea, lakini hakiwezi kutembea peke yake kuvuka uwanja. Hapo ndipo anapohitajika mwenye misuli na mizani ya mwili, atakayekaa saa nyingi ndani ya mpira na manyoya, akiona kwa kitundu, akipumua kwa shida, na bado akumbuke alama yake sakafuni iko wapi.

Kazi hiyo ilimpeleka kwenye filamu za Star Wars, kubwa kuliko zote za zama zake. The Empire Strikes Back ilipopigwa katika studio za Elstree, Yoda aliongozwa kwa mkono na sauti ya Frank Oz, na Roy alivalishwa vazi la Yoda kwa ajili ya picha za mbali za kutembea. Mwaka 1983, katika Return of the Jedi, alikuwa Droopy McCool, mpiga filimbi mnene wa bendi inayotumbuiza kwenye jumba la Jabba. Mwaka uliofuata, katika The NeverEnding Story ya Wolfgang Petersen iliyopigwa Munich, alikuwa Teeny Weeny, bwana mdogo mwenye adabu anayesafiri juu ya konokono wa mashindano. Hapo alipewa uso wake. Tazama anavyokaa juu ya yule konokono: mgongo umenyooka, kama kwamba kupanda konokono ni cheo.

Mwaka huo huo wa 1984 alivaa ngozi ya sokwe katika Greystoke, filamu ya Tarzan. Hapa sina budi kumtaja mwingine aliyetangulia. Kampuni ya MGM ilipokuja Afrika Mashariki mwaka 1929 kupiga Trader Horn chini ya W. S. Van Dyke, ilimchukua mtu aliyeandikwa Mutia Omoolu, jina ambalo Ukambani hulisikia hadi leo, akaigiza mbeba bunduki wa mfanyabiashara Horn. Filamu ilitoka 1931, na Mutia alipelekwa Hollywood kumalizia sehemu zilizobaki. Kisha kampuni hiyo hiyo ikatengeneza Tarzan the Ape Man, na mwamba mrefu wa kubuniwa ambao wazungu hawana budi kuupanda kufika kwa Tarzan ukaitwa Mutia. Mtu aliyekuwa na uso, jina na kipaji akabaki jina la jabali. Nusu karne baadaye mzaliwa mwingine wa huku akaingia kwenye hadithi ya Tarzan, safari hii ndani ya ngozi ya sokwe.

Filamu hizi ziliwafikiaje watu wa Trans Nzoia na Bungoma? Wazee wetu walizoea gari la sinema lililosimama uwanja wa soko jioni, kitambaa cheupe kikafungwa, matangazo ya sabuni yakatangulia picha. Miaka ya themanini ikaja kanda ya video, na nayo kibanda: mabati, mabenchi, jenereta nje, shilingi chache mlangoni. Baadaye zikaja diski, na sauti ya DJ Afro akiisimulia filamu kwa Kiswahili na Sheng juu ya maneno ya wenyewe, kama Lufufu alivyofanya Tanzania, na kama maveejay wa Uganda wanavyofanya kwa Kiganda ng'ambo ya Malaba. Kibanda kina sheria zake. Mhusika mkuu ni staringi, naye hafi. Adui mkubwa atakufa mwisho. Wengine wote wanapita, na staringi akishinda, diski inatolewa kabla majina hayajaanza kupanda kwenye skrini. Mtu anayeigiza ndani ya kinyago hana bahati kwenye mpangilio huo. Uso wake haukuonekana, na jina lake limekatizwa. Ndivyo Deep Roy alivyopita mbele yetu miaka yote hiyo.

Aliyembadilishia mambo ni Tim Burton, mwongozaji anayependa wahusika wasiofanana na wengine. Mwaka 2001 alimtumia katika Planet of the Apes kwa nafasi mbili, sokwe mtoto wa kiume na mpwa wa kike wa Jenerali Thade. Mwaka 2003, katika Big Fish, akampa nafasi ya Mr. Soggybottom, chale wa sarakasi ambaye pia ni wakili wa mwenye sarakasi. Kisha Burton akaja na wazo ambalo lingemchosha mtu mwingine hata kulisikia: Oompa-Loompa wote wa Charlie, wale wafanyakazi wa kiwanda, wawe Roy.

Ilikuwa rahisi kumpiga picha mara moja na kumzidisha kwa kompyuta. Hawakufanya hivyo. Kwa sehemu kubwa kila Oompa-Loompa aliigizwa kivyake: Roy anacheza hatua za wa kwanza, anasogea futi kadhaa, anacheza za wa pili, kisha wa tatu, kila mmoja akiwa na namna yake ndogo ya kushika bega au kuinua kidevu. Alijifunza ngoma za aina kadhaa, na kushika vyombo vya muziki kama mpigaji. Kompyuta na vikaragosi vya mashine vilijazia penye upungufu, na kimo chake kikapunguzwa zaidi. Sauti za nyimbo si zake. Ni za mtunzi Danny Elfman, aliyejirekodi mara nyingi akiimba kwaya nzima peke yake. Kwa hiyo ukitazama zile ngoma unatazama watu wawili tu, mmoja akiwa mwili wa mamia na mwingine sauti ya mamia.

Na nyuma ya Oompa-Loompa kuna habari inayotuhusu sisi moja kwa moja. Roald Dahl, mwandishi wa kitabu, aliishi Afrika Mashariki. Kampuni ya mafuta ya Shell ilimleta Dar es Salaam mwaka 1938. Akajifunza Kiswahili, na vita ilipoanza 1939 akapanda hadi Nairobi kujifunza urubani wa kivita. Kitabu chake cha Charlie kilipotoka 1964, Oompa-Loompa walikuwa mbilikimo weusi kutoka misitu ya Afrika, waliosafirishwa ndani ya masanduku kwenda kufanya kazi kiwandani kwa malipo ya kakao. Watu weusi wa Marekani walipinga, na kwa haki kabisa. Filamu ya 1971 ikawapaka Oompa-Loompa rangi ya machungwa na nywele za kijani, na toleo la kitabu la 1973 likawafanya watu weupe wa nchi ya kubuni. Afrika ikafutwa. Halafu mwaka 2005, bila mtu kupanga hivyo, Oompa-Loompa wote wakawa mzaliwa wa mji ule ule ambako Dahl alijifunza kurusha ndege.

Malipo ya kakao bado yamo kwenye filamu, na bado yananikera. Lakini nikimtazama Roy pale simwoni mtumwa mwenye furaha wa kitabu cha 1964. Namwona mtu anayejua kazi yake kuliko mwenye kiwanda. Katika sehemu ya daktari wa akili, Wonka anajieleza, anajichanganya, mwisho anajijibu mwenyewe. Daktari hasemi neno. Anasikiliza tu, na ndiye mwenye akili katika chumba kile.

Mwaka huo huo wa 2005, katika Corpse Bride ya Burton, alifanya kinyume chake: alitoa sauti bila mwili, ya Jenerali Bonesapart, mifupa ya Napoleon yenye upanga uliopita kifuani.

Mwaka 2009 J. J. Abrams alifufua Star Trek, na kwenye kituo cha barafu cha Delta Vega tukamkuta mhandisi Scotty, aliyeigizwa na Simon Pegg, na mwenzake wa pekee: Keenser, kiumbe chenye ngozi ya mawe na macho madogo meusi. Ndani yake ni Deep Roy. Filamu ile ilishinda Oscar ya urembo wa sura mwaka 2010. Scotty anaongea bila kupumua. Keenser ananyamaza, anapanda juu ya vitu asivyoruhusiwa kupanda, na anatazama. Katika Star Trek Into Darkness ya 2013, Scotty anapoacha kazi kwa kukataa silaha asizozijua, Keenser anaondoka naye bila hotuba. Katika Star Trek Beyond ya 2016 ana mafua, na kamasi zake ni tindikali. Kinachoanza kama mzaha kinakuja kuyeyusha mlango wa jela wakati wenzake wametekwa na Krall, mhusika wa Idris Elba. Umati wa vibanda ungeishangilia sehemu hiyo kama wangeambiwa aliyepiga chafya ni wa Nairobi.

Mwaka mmoja kabla yake, Lupita Nyong'o aliingia Star Wars kama Maz Kanata, bibi mfupi wa karne nyingi, uso wake umefunikwa na kazi ya kompyuta. Kenya ilishangilia, na ilistahili. Lakini kwenye galaksi hiyo hiyo, miaka 32 kabla ya Maz, mzaliwa wa Nairobi alikuwa amekwisha kupuliza filimbi mbele ya Jabba. Walimu wanaoandaa vijana wa Kitale na Bungoma kwa tamasha za maigizo za shule wanaweza kumtumia: mwanafunzi mfupi hupewa nafasi ya mtoto au ya kuchekwa kila mwaka, na hapa kuna mtu aliyeigeuza nafasi hiyo kuwa taaluma.

Anayetaka kumjua aanze na Teeny Weeny na Mr. Soggybottom, ambako uso wake uko wazi, kisha amtafute kama Aaron katika msimu wa pili wa Eastbound & Down, wa mwaka 2010. Baada ya hapo arudi kwa Mr. Sin na Keenser, akitazama mabega. Na filamu ikiisha, asiitoe diski. Majina yanapanda polepole, na lake limo.